Presha ya kabari: namna ninavyoipima hadi niiamini

Namba ya presha ya kabari inayojitokeza pembeni ya monita siiandiki kwenye faili. Naanza na hili kwa sababu ndilo kosa ninalolisahihisha mara nyingi zaidi kwenye vipimo vya moyo wa kulia. Puto lililo kwenye ncha ya katheta, yaani mrija mwembamba unaopitishwa kwenye mshipa hadi moyoni, limejazwa, monita imetoa 11, mtu kaandika 11, puto likashushwa. Ile 11 ni wastani wa mashine, na mashine huchanganya kuvuta pumzi na kutoa pumzi kana kwamba kifua hakina presha yake.

Presha ya kabari ni hii: puto likiziba tawi la ateri ya mapafu, damu iliyo mbele yake husimama, na nguzo hiyo ya damu iliyotulia huunganisha ncha ya katheta na chumba cha juu cha kushoto cha moyo. Tunausoma upande wa kushoto tukiwa tumeingilia kulia. Jeremy Swan na William Ganz wa Los Angeles walipotangaza katheta yao yenye puto mwaka 1970, kipimo hiki kikawezekana kando ya kitanda bila eksirei. Lakini nguzo ile ya damu ikikatika, au mrija ukiwa na hewa, tunasoma kitu kingine kabisa.

Kabla ya kumchoma mgonjwa nashughulika na sifuri, yaani mahali presha inapoanza kuhesabiwa. Mgonjwa akiwa amelala chali, transdyusa, kifaa kinachogeuza presha kuwa namba, naiweka usawa wa katikati ya kifua, yaani nusu ya kina kati ya mfupa wa kifua na godoro. Nampimia kila mgonjwa kwa rula, kwa maana kifua cha mtu mnene si sawa na cha mtu mwembamba. Transdyusa ikishuka sm 10 chini ya hapo, namba hupanda kwa zaidi ya mmHg 7. Hiyo peke yake inatosha kumpa ugonjwa wa moyo wa kushoto mtu asiye nao. Kitanda kikiinuliwa baadaye, transdyusa nayo ifuate.

Halafu jaribio la maji. Mfuko wa maji ya chumvi ukiwa umebanwa kwa mmHg 300, nafungua mkondo wa haraka kisha nauachia ghafla. Mstari unatakiwa uanguke wima, ucheze mara moja au mbili, utulie. Ukishuka kivivu bila kucheza, kuna kiputo cha hewa, damu iliyoganda au mrija uliokunjika. Ukichezacheza mara nyingi, mrija ni mrefu mno au una viungio vingi, na vilele vitasomeka virefu kuliko ukweli. Puto nalo nalijaribu ndani ya bakuli la maji safi: mililita 1.5 za hewa, livimbe sawasawa pande zote, lisitoe mapovu.

Kupitia mshipa wa shingo wa kulia, chumba cha juu cha kulia hufikiwa kwenye sm 20 hadi 25. Hapo ndipo ninapojaza puto, kamwe si baadaye, ili ncha isichokoze ukuta wa moyo. Ventrikali ya kulia, chumba cha chini cha moyo, huonekana karibu na sm 30 hadi 35, ateri ya mapafu sm 40 hadi 45, na kabari kati ya sm 45 na 55. Nikifika sm 50 na bado naona ventrikali, katheta inajikunja humo ndani. Nashusha puto, narudi nyuma, naanza upya. Kujua kama nimevuka kwenda ateri ya mapafu, sitazami kilele, natazama sehemu ya chini ya wimbi: kwenye ventrikali mstari wa moyo kulegea hupanda, kwenye ateri huteremka. Na mgonjwa mwenye hitilafu ya tawi la kushoto la umeme wa moyo simwingizii katheta bila kifaa cha kuuendesha moyo kuwa tayari, kwa kuwa katheta ikiligusa tawi la kulia moyo unaweza kusimama.

Sasa kusoma. Namwambia mgonjwa, "Mama, pumua kawaida tu, usibane pumzi." Akibana, presha ya kifua hupanda na kipimo huharibika. Nasoma mwisho wa kutoa pumzi. Kwa anayepumua mwenyewe, hapo ni pale juu kabla wimbi halijazama. Kwa aliye kwenye mashine ya kupumulia ni kinyume, ni pale chini kabla halijapanda. Kwa mgonjwa anayehema kwa nguvu, tofauti kati ya namba hii na wastani wa mashine huwa kubwa. Tuseme wastani wa presha ya ateri ya mapafu ni 38, moyo unasukuma lita 4 kwa dakika, mashine inasema kabari ni 11. Ukinzani wa mapafu, yaani 38 kutoa 11 kisha kugawa kwa 4, unatoka 6.75, na kwa kuwa 11 iko chini ya 15, mgonjwa anaambiwa mishipa ya mapafu ndiyo yenye ugonjwa. Soma mwisho wa kutoa pumzi upate 19: ukinzani ni 4.75 na moyo wa kushoto umo kwenye tatizo. Kwa namba ile ya kwanza mgonjwa angepewa dawa za kutanua mishipa ya mapafu, damu ikaukimbilia moyo wa kushoto usioweza kuipokea, mapafu yakajaa maji. Ndiyo maana siwezi kuliacha jambo hili lipite.

Wimbi lina vilima viwili: a, chumba cha juu cha kushoto kinapojikaza, na v, kinapojaa damu. Kilele cha v ndicho kinachowapoteza wengi. Valvu ya mitrali, iliyo kati ya vyumba viwili vya kushoto, ikivuja sana, v hurefuka hadi kabari ikafanana na ateri ya mapafu. Mpimaji anadhani bado hajafika, anazidi kusukuma, na hapo ndipo ateri hupasuka. Weka mchoro wa umeme wa moyo chini ya wimbi: kilele cha ateri huangukia kwenye wimbi la T, kilima cha mwisho cha kila pigo kwenye mchoro huo, kilele cha v huja baada yake. Nikitaka presha ya ventrikali ya kushoto inapojaa, nachukua wastani wa a, siingizi v. Moyo ukipiga ovyo na a ikatoweka, nasoma kabla tu ya v kuanza kupanda, kisha natafuta wastani wa mapigo kumi.

Wale ambao homa ya rumatiki imebana valvu yao ya mitrali, na kwetu ni wengi, kabari haiwaelezi ventrikali hata kidogo. Inaeleza chumba kilicho juu ya valvu. Tena wimbi la kabari huchelewa kufika, kwa hiyo ukililinganisha na la ventrikali bila kulisogeza, ubanaji utaonekana mkubwa kuliko ulivyo.

Nikiwa na shaka navuta damu polepole kupitia ncha, puto likiwa limejaa, namwaga ile ya mwanzo, napima inayofuata. Oksijeni ikikaribia ile ya ateri ya mkono, nipo kwenye kabari. Ikibaki 65%, nipo kwenye ateri ya mapafu iliyozibwa nusu. Na kabari ikisomeka juu ya wastani wa ateri ya mapafu, ni kosa la kipimo. Damu haipandi mlima.

Puto halikai limejaa zaidi ya sekunde 15, na hewa naiacha itoke yenyewe. Kabari ikipatikana kwa chini ya mililita 1.25, ncha imeenda mbali mno. Katheta ikishapata joto la mwili hulainika na kusogea mbele yenyewe. Wimbi likilala bila puto kujazwa, irudishe sm 1 au 2 papo hapo. Mzee mwenye presha kubwa ya mapafu akikohoa damu, hata kidogo, mwite daktari wa upasuaji kabla hujamaliza kuhesabu.

Kwenye faili naandika hivi: kabari 19, mwisho wa kutoa pumzi, a 18, v 26, oksijeni 96%, anapumua mwenyewe, sifuri katikati ya kifua. Karatasi ya wimbi naibandika kando yake.