Mkuu wa polisi wa Chicago na nyimbo 1,850 za Ayalandi

Jamani, wapiga muziki wa Ayalandi wana deni kubwa kwa mhamiaji mmoja. Francis O'Neill alizaliwa County Cork, Ayalandi, mwaka 1848, akawa mkuu wa polisi Chicago kuanzia 1901 hadi 1905. Alipiga filimbi kwa kusikia. Noti hakujua kuandika. Kalamu aliishika James O'Neill, mpiga fidla na polisi mwenzake. Francis aliupiga wimbo au kuuimba, James akauandika, kisha akaurudia kwa fidla ili Francis asikie palipokosewa. Hatua hiyo ya kurudia ndiyo iliyookoa mengi.

Kitabu chao cha 1903 kina nyimbo 1,850, zikiwemo tungo 75 za mpiga kinubi Carolan. Cha 1907 kilichuja nyimbo 1,001 za kucheza, na kwa anayeanza ni bora zaidi.

Tatizo ni kupiga noti kama zilivyochapwa. Jigi, aina ya muziki wa kucheza wa Ayalandi, huandikwa kwa noti tatutatu zenye urefu sawa, ila mpigaji mzoefu huivuta kidogo ya kwanza na kuibana ya pili. Mapambo mengi, yaani noti ndogondogo za kuuremba wimbo, hayamo kitabuni kabisa. Kwa hiyo sikiliza kwanza, soma baadaye.

Francis O'Neill alirekodi pia kwenye silinda za nta, chombo cha zamani cha kuhifadhi sauti. Moja hubeba dakika 2 hivi, na kila ikichezwa sindano huukwangua mfereji wa sauti. Ukungu nao huila nta. Chache zilizosalia ni hazina kweli: humo mapambo yanasikika.