Nilivyotenganisha magofu halisi ya Saint-Pierre na moto wa studio

Mlima wa volkano Pelée ulilipuka na kuiteketeza Saint-Pierre, bandari ya kisiwa cha Martinique katika Karibea, asubuhi ya tarehe 8 Mei 1902, na watu wapatao 28,000 wakafa. Mwaka huo huo mtengenezaji filamu Georges Méliès aliuigiza mlipuko huo kwenye filamu kwa modeli ya mji katika studio yake Montreuil, Ufaransa. Kampuni ya Edison ya Marekani nayo iliuza filamu ya mlipuko wa modeli, kisha ikauza na filamu zilizopigwa kisiwani kwenyewe. Lebo za makopo ya filamu huzichanganya zote, kwa hiyo lebo nikaiweka kando.

Nilianza na kasi. Kamera ya mkono ilizungushwa takriban mara mbili kwa sekunde, fremu (picha moja moja) 8 kila mzungusho, yaani fremu 16 kwa sekunde. Futi moja ya mkanda wa milimita 35 ina fremu 16, hivyo futi 50 ni sekunde 50. Ukiuchezesha kwa fremu 24 kwa sekunde unaisha kwa sekunde 33, na moshi wa kweli unaruka kama wa modeli. Rekebisha kasi kwanza, hukumu baadaye.

Kasi ikishakaa sawa, modeli inajiumbua yenyewe. Mji uliopunguzwa mara 25 unahitaji kupigwa kwa kasi mara 5 (kipeuo cha pili cha 25), yaani fremu 80 kwa sekunde, ndipo moshi uonekane mzito. Kwa mpini wa mkono ni mizungusho 10 kila sekunde, nani angeweza? Ndiyo maana moshi wa studio unapepea haraka, na ndimi za moto zinazidi urefu wa nyumba.

Magofu ndiyo ushahidi ninaouamini zaidi. Wingu la gesi na majivu ya moto lilishuka kutoka kaskazini: kuta zilizolikabili zikalala chini, zilizofuata mkondo wake nyingi zikabaki wima. Kwa hiyo ukitazama kutoka ghubani, magharibi ya mji, kuta zinazokuelekea zimesimama, zile za ubavuni hazipo. Fundi wa mapambo ya studio hubomoa ovyo ovyo, huku na huku.

Kutoka baharini mlima lazima uwe kushoto. Ukiwa kulia, huenda mkanda umegeuzwa kulia-kushoto, kwa mfano wakati wa kuskani. Ugeuze kabla ya kulinganisha na ramani.

Nakala za karatasi, yaani filamu zilizochapishwa fremu kwa fremu kwenye karatasi na kuwekwa Maktaba ya Bunge la Marekani kwa ajili ya hakimiliki hutikisika, kwa sababu karatasi hunywea. Zitulize kwenye kompyuta kwa kuifanya kona ya ukuta kuwa nukta isiyosogea, kamwe si mlingoti wa meli: meli huyumba kweli, na ukiituliza, mji mzima utaanza kucheza.