Sinema Nyuma ya Pazia

Kutoka stesheni ya Congjiang dereva alinitoza yuan 150, safari ambayo mwenyeji wangu aliapa haizidi 80. Sitaki kuliongelea sana, lakini bado linaniuma.

Kijiji ni cha watu wa kabila la Wadong, kusini mashariki mwa jimbo la Guizhou, China. Nyumba zote za mbao, na katikati mnara wa ngoma uliojengwa bila msumari hata mmoja. Jioni, mbele ya mnara, mzee wa sinema alikuwa anafunga kitambaa cheupe kwenye nguzo mbili. Kuna mpango wa serikali tangu 1998: kila kijiji, kila mwezi, filamu moja, bure. Watu walikuja na vigoda vyao.

Kwanza ilipita filamu fupi ya kuzuia moto. Kwa kijiji cha mbao hilo si jambo la mzaha, ila hakuna aliyenyamaza kuisikiliza. Kisha ikaanza ya vita. Mbele wazee walikuwa wanavuta sigara kama matanuri, nikahamia nyuma ya pazia. Huko picha imegeuka: askari wote mashoto, maandishi kinyumenyume. Kwangu haikuwa hasara, hata yakiwa sawasawa huwa naokoteza tu.

Huko nyuma nikamkuta bibi mmoja na mjukuu. Bibi akanijazia kiganja mbegu za alizeti. Mtoto alikuwa ameielekeza simu kwenye pazia. Ndani ya simu alikuwepo mama yake, bado na sare ya kiwanda huko Guangdong, naye anaangalia filamu. Kila bomu likilipuka mtoto anauliza, "Mama, umeona?" Mama anaitikia ameona. Bibi akainyakua simu akaanza habari za nguruwe, na vita vikaendelea bila wao.

Nilikumbuka vibanda umiza vya kwetu Tandale, jinsi mtafsiri akikosea tu ukumbi mzima unamzomea. Hapa filamu ingeweza kuwa bubu na watu wasijali.

Baridi ilipozidi tukabaki wachache. Nikamuuliza mzee mbona hazimi. Akasema mashine yenyewe hupeleka taarifa kwamba filamu imeonyeshwa, kwa hiyo lazima ifike mwisho. Akavuta koti, akaniomba nimwamshe majina ya waigizaji yakianza kupita.