Siku yangu na Juzuu Amma, kutoka fonti mpaka prufu

Saa 2 asubuhi nishafika ofisini hapa Unguja, udhu nimetia nyumbani kabisa. Kazi ya leo ni kupanga kurasa za Juzuu Amma, yaani juzuu ya mwisho ya Kurani, ya watoto wa madrasa, sura 37, Kiarabu kulia na tafsiri ya Kiswahili kushoto.

Watu huniuliza kwani aya unazitaipu mwenyewe? Hapana jamani, aya hazitaipwi, nachukua matini yaliyokwisha hakikiwa kutoka Majmaa ya Mfalme Fahd, kiwanda cha kuchapa misahafu kule Madina, pamoja na fonti yao (muundo wa herufi) ya kisomo cha Hafs, iliyotokana na mkono wa khattati, yaani mwandishi wa hati nzuri, Uthman Taha, na hivyo viwili sivitenganishi hata siku moja. Ukibadilisha fonti kisa unataka urembo, vialama vingine vya kusomea, vile vinavyokaa juu na chini ya herufi, vinageuka visanduku au vinapotea kabisa.

Saa 3 mpaka adhuhuri ni kukagua vialama tu, nakuza skrini mpaka neno moja linajaa. Chukua Al-Kafirun aya ya 4, "walaa ana aabidun", juu ya herufi alifu ya mwisho ya "ana" kuna kiduara kirefu, maana yake alifu hiyo unaitamka ukisimama hapo, ukiunganisha huitamki. Kwenye Al-Asri, "aamanuu", kiduara ni cha mviringo, alifu ile haitamkwi kabisa. Sasa fonti ikiviandika vyote sawasawa mtoto atasoma vipi? Hiki ndo kitu kinachonikosesha raha kuliko vyote.

Baada ya sala na chakula nahangaika na nafasi kati ya mistari, maana madda (alama ya kuvuta sauti, hukaa juu ya herufi) ya mstari wa chini inagonga kasra (alama ya irabu "i", hukaa chini ya herufi) ya mstari wa juu, na mabano ya Kiswahili yakikaribiana na Kiarabu yanageuka upande. Vichwa vya habari na dua naweka fonti ya Amiri ya Khaled Hosny, ile iliyofuata herufi za kiwanda cha chapa cha Bulaq cha Misri, nzuri mno.

Saa 10 na nusu anakuja ustadhi na msahafu wake, mimi nimeshika prufu, nakala ya kusahihisha kabla ya kuchapa, anasoma nafuata kwa kalamu.

"Mwanangu, namba ya aya hapa imeshuka mstari wa chini peke yake, mtoto ataivuta pumzi mpaka wapi?"

"Nairekebisha sasa hivi ustadhi."

Nikaifunga na neno la mwisho ili zisiachane tena, tukaendelea mpaka An-Nas. Kabla ya Magharibi natoa PDF, fonti zote zimo ndani, naituma kwa wachapaji na kuwaambia waniprintie kwanza ukurasa wa Al-Kafirun niuone kwa macho yangu.