Gamboa, kwa sisimizi wa kinyumenyume

Tulifika Gamboa alfajiri, ukungu bado umeulalia Mto Chagres. Wenzangu watatu walikuja Panama na darubini zao kutafuta ndege. Mimi nilikuja kutafuta sisimizi. Mke wangu mpaka leo anaamini nilikwenda kuona mfereji.

Tuliifuata njia ya udongo ndani ya msitu wa Soberanía, kisha tukapanda mnara wa chuma hadi usawa wa vilele vya miti. Huko juu mtambaa mmoja ulikuwa umeegemea chuma cha kushikia, na juu yake walipita sisimizi weusi tii, miiba mgongoni, kichwa bapa kama kifuniko cha sufuria. Cephalotes atratus, wenyewe hasa. Nimekulia Muheza chini ya miembe yenye majimoto, kwa hiyo mkono wangu ulirudi nyuma wenyewe. Mwongozaji akacheka.

Alitoa mfukoni kichupa cha rangi nyeupe ya kucha, akampaka mmoja miguu ya nyuma. Ujanja huo ni wa watafiti, ili jicho limfuate sisimizi anapoanguka. Habari yenyewe ilianza na mtafiti Stephen Yanoviak: alikuwa juu ya mti karibu na Iquitos, Peru, akitafuta mbu, akawapangusa sisimizi waliomsumbua, akashangaa kuwaona wakianguka kisha wanarudi kwenye shina. Taarifa ilichapishwa mwaka 2005.

“Tazama miguu,” akaniambia, akampuliza.

Sikuona kitu. Wa pili pia sikumwona. Wa tatu nikamshika kwa jicho: alidondoka wima kama punje ya mchele, kisha nukta nyeupe zikageuka, tumbo likaelekea shina la mti, naye akaserereka hewani kinyumenyume hadi akagonga gome. Akateleza. Akajirusha tena, safari hii akanata. Hana bawa hata moja! Na ana sababu ya kuhangaika, maana akifika chini kwenye majani yaliyooza, kurudi nyumbani ni bahati.

Nilipoinama kumfuata zaidi, kofia yangu ikaanguka. Yenyewe haikugeuka popote, ikaenda moja kwa moja hadi chini. Nikashuka ngazi zote kuiokota, nikapanda tena nikihema. Nilipofika juu, mwenye miguu myeupe alikuwa anapita kwenye mtambaa, akielekea kazini.