Siku Thuria alipopewa jina

Binti yangu anaitwa Thuria, na tangu azaliwe sijakutana na Thuria mwingine hapa Mtwara. Unguja wapo. Huku Kusini majina ya wasichana tunayajua: Somoe, Chausiku, Sikudhani, Mwanahamisi, Fatu, na siku hizi akina Nasra. Ukisema Thuria mtu anakuomba urudie. Jina lilitoka kwa baba mkwe wangu, Novemba 1999, na siku alipolitoa nusura wali wa akika upoe bila mtu wa kuula.

Baba mkwe alikuwa nahodha. Ujana wake wote aliumalizia kwenye jahazi kati ya Mikindani, Kilwa, Mafia na Ngazija, enzi ambazo mtu alisafiri na tanga na nyota. Alipostaafu alibaki na baraza lake Mikindani, nyumba ya mawe na chokaa, na kila usiku kabla ya kulala alitoka kutazama juu. Mawingu yakitanda siku tatu mfululizo, alinuna. Alikuwa na majina ya nyota ambayo sisi wengine hatukuyajua, na Suheli ndiyo aliyoipenda kuliko zote kwa sababu, alisema, ilimrudisha nyumbani.

Mimi natoka Newala, Mmakonde kwa baba na kwa mama. Kwetu mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mjomba ndiye mwenye kauli. Lakini ni Waislamu pia, na katika dini jina ni haki ya baba. Kwa hiyo mtoto wangu alipozaliwa hospitali ya Ligula, kila upande ulijihesabu ndio wenye jina. Mume wangu, kwa adabu zake, alimwachia baba yake. Kwetu Newala hakuna aliyeulizwa. Hilo nalisema mapema, kwa sababu watu wakisimuliwa kisa hiki humcheka Bibi, wakasahau kwamba alikuja tayari ana lake moyoni.

Bibi yangu, mzaa mama, alifika jioni, siku moja kabla ya akika, amekaa mbele kwa dereva kwenye lori la korosho lililokuwa linashuka bandarini. Ulikuwa msimu wenyewe. Alileta unga wa muhogo, korosho alizobangua kwa mkono, na mkeka mpya. Umri wake hakuujua kwa tarehe, ila kwa hesabu zetu alizaliwa karibu na mwaka 1920. Alisalimiana na wakwe vizuri, akamchukua mtoto, akamkagua vidole kimoja kimoja, akatangaza kwamba masikio ni ya kwetu.

Siku ya saba ikafika. Mbuzi mmoja, kwa kuwa mtoto ni wa kike. Angekuwa wa kiume wangechinjwa wawili. Asubuhi mtoto alinyolewa. Sunna ni nywele zile zipimwe, uzito wake utolewe sadaka kwa fedha, na baba mkwe, ambaye hakupenda kukadiria mambo, aliazima mizani ya sonara, ile ndogo ya visahani viwili vinavyoning'inia kwa nyuzi. Aliziweka nywele upande mmoja kwenye kipande cha karatasi. Kisahani hakikushuka hata kidogo. Karatasi ilikuwa nzito kuliko nywele. Akatoa karatasi, akaweka nywele zenyewe, upepo ukapita dirishani, zikaruka nusu. Wanawake walicheka mpaka mama mkwe akafunga dirisha. Mwishowe alitoa sadaka iliyozidi uzito ule mara nyingi sana, akawapa watoto wa chuo waliokuwa wakingoja nje.

Baada ya adhuhuri wanaume walikaa barazani na sebuleni, sisi tukawa uani na chumba cha nyuma, pazia katikati. Mwalimu wa madrasa alisoma, ubani ukafukizwa, akauliza jina. Baba mkwe akakohoa, akalitamka kwa sauti yake ya kuita mabaharia:

"Thuria."

Sasa, watu wa pwani wana ulimi wa *tha*. Sisi wa bara na wa uwandani hatuna. Kwetu thelathini ni selasini, na thamani ikawa samani, mtu akauziwa kabati. Tena sisi Wamakonde na *ra* nayo hutuponyoka ikawa *la*. Kwa hiyo kilichovuka pazia na kilichofika masikioni mwa Bibi ni vitu viwili tofauti.

Bibi aliweka chini kinu alichokuwa anatwangia kisamvu.

"Nani sulia?"

Mtu akamnyamazisha. Hakunyamaza. Alisimama, akafika hadi kwenye pazia, hakulifungua, akasema kwa Kiswahili chake cha Newala, taratibu, ili kila mtu asikie: "Mimi nimepanda lori nije kusikia kitukuu changu kinaitwa suria? Mbele ya watu?"

Msomaji wa pwani hahitaji kuelezwa, ila vijana huenda wahitaji. Suria ni mtumwa wa kike aliyewekwa na bwana wake kinyumba. Ukimwita mtu hivyo Mikindani, mahali ambapo misafara kutoka Ziwa Nyasa ilishushia watu kwa miaka mingi, humtanii.

Mwalimu alijitahidi. Alikuwa mtu mzuri, na elimu alikuwa nayo. Alieleza kutoka upande wa pili kwamba Thuria, au Thuraya kwa Kiarabu fasaha, ni kundi la nyota, na kwamba shina lake ni wingi na neema. Suria ni neno jingine kabisa, lina shina lake, yanakutana kwenye ulimi wa Mswahili tu. Akasoma hadithi ya Mtume aliyoisema mkono wake ukiwa juu ya Salman al-Farisi, kwamba lau imani ingekuwa kwenye Thuraya, wangeifikia watu miongoni mwa hawa. Akaongeza kuwa wapo wafasiri wanaosema ile nyota inayoapiwa mwanzoni mwa Surat An-Najm ndiyo hiyo hiyo.

Bibi alisikiliza yote. Kisha akasema, "Mwalimu, masikio yangu hayakusoma Kiarabu. Na ya watoto atakaocheza nao hayatasoma pia."

Hoja hiyo haikuwa na jibu, na mwalimu alijua.

Baba mkwe, kwa kutaka kuokoa mambo, akayaharibu zaidi. Akasema kwamba hata usuria wenyewe si aibu kiasi hicho, maana Sayyid Barghash, sultani mzima, mama yake alikuwa suria wa Kihabeshi. Ni kweli, watoto wa Sayyid Said karibu wote walizaliwa na masuria. Lakini kuna ukweli usiosemwa kupitia pazia.

"Wa kwako alizaa sultani," Bibi alisema. "Wa kwetu alizaa mama yangu."

Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na kitu na sikuwahi kulisikia. Nadhani hata mama yangu alikuwa analijua nusu. Bibi alirudi, akakaa kwenye mkeka wake mpya, akasimulia akiwa ameangalia kinu.

Uwanda wa Makonde hauna maji. Wazee wetu walikaa juu kule, ndani ya vichaka visivyopitika, kwa sababu ya kuwakwepa Wangoni na wakamata watumwa, na vichaka viliwaficha kweli. Ila maji yalikuwa chini bondeni. Kila siku wanawake walilazimika kuacha maficho yao na kushuka na mitungi, na waliowawinda walijua hivyo. Bibi yake Bibi alikamatwa bondeni, asubuhi, Wajerumani wakiwa ndio kwanza wanaingia nchini. Biashara ya watumwa baharini ilikuwa imeshapigwa marufuku tangu 1873, lakini waliouzwa hapa hapa nchi kavu waliendelea kuuzwa. Alipelekwa Lindi. Akawekwa na bwana mmoja, akamzalia binti. Yule bwana alipofariki, sheria ilimwacha huru, maana suria aliyemzalia bwana wake huwa huru bwana akifa. Akambeba mtoto wake mgongoni, akarudi kwao Newala.

"Walimpokea?" nikauliza.

Walimpokea. Kwetu ukoo ni wa mama, kwa hiyo yule mtoto hakukosa pa kukaa hata siku moja, na hapo, nikilinganisha na jamaa wanaohesabu ukoo kwa baba, naona wazee wetu walikuwa na akili. Kilichobaki ni midomo. Wanawake waliposhuka bondeni kuteka maji, yule binti akifika, mtu alisema, haya, mpisheni wa suria. Utumwa ulifutwa kisheria Tanganyika mwaka 1922, Bibi akiwa mtoto mchanga. Bondeni kwenye maji haukufutwa. Bibi mwenyewe aliitwa mjukuu wa suria na mwenzake wa unyago, katika ugomvi wa jembe.

Kule upande wa pili palikuwa kimya, kwa hiyo walisikia. Mwalimu akafunga kwa dua fupi bila kutaja jina lolote. Chakula kikaletwa. Wali ulikuwa mzuri, pilau ya mbuzi, na nakumbuka niliona aibu kwa jinsi nilivyokuwa na njaa.

Wageni waliondoka magharibi. Umeme ukakatika, kama ilivyokuwa miaka ile kabla gesi ya Mnazi Bay haijaanza kutumika kuuzalisha. Mwezi wa Shaabani ulikuwa ndio kwanza umeandama, kiuzi tu, ukazama mapema. Giza la haki. Baba mkwe alikaa barazani peke yake muda mrefu, halafu akaita, si mimi wala mkewe:

"Bi mkubwa. Nakuomba nje kidogo."

Nikadhani wanakwenda kugombana vizuri. Nilimfuata Bibi na mtoto mkononi, nikasimama mlangoni.

Baba mkwe alinyoosha fimbo upande wa matlai, akaipeleka kidogo kushoto, kaskazini. "Zile pale zilizosongamana. Mnaziitaje kwenu?"

Bibi hakuhitaji kutafuta. "Si Kilimia?"

"Kilimia."

"Kikitoka jioni namna hii jembe liwe limeshanolewa. Mvua iko njiani." Alisema kwa kumsomesha, maana kwake mtu wa bahari hajui kulima.

"Sisi tukizima taa chomboni," baba mkwe alisema, "hizo ndizo Thuria." Akamweleza kwamba dira ya zamani ya Waarabu ina ncha 32 zilizopewa majina ya nyota, na Thuria ni ncha ya kwanza ukitoka mashariki halisi kwenda kaskazini. Akamwambia ile kauli ya wazee: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Bibi akaitikia nusu ya pili pamoja naye.

Kisha wakaanza kuzihesabu, na hawakukubaliana. Baba mkwe alisema sita, Bibi akasema saba na kwamba macho yake hayajawahi kushindwa. Mimi niliona sita.

"Mngesema mapema ni Kilimia," Bibi alisema mwishowe. "Mmezungusha mpaka kwa sultani."

Baba mkwe alijibu kwamba hakuulizwa. Hapo Bibi akamgeukia: hakuulizwa yeye, au hawakuulizwa watu wa Newala? Baba mkwe akakaa kimya kidogo. "Hawakuulizwa," akasema. "Basi nauliza sasa."

Bibi akamchukua mtoto kutoka kwangu na kumwita Kilimia, palepale, na hakumwita jina jingine mpaka alipofariki. Wa Mikindani wakaendelea na Thuria. Hakuna aliyeshinda, na sidhani kama kuna aliyetaka ushindi.

Baadaye nilisoma nikagundua kwamba ulimi wa Bibi una wenzake wengi. Waajemi husema Soraya, na hilo lilikuwa jina la mke wa pili wa Shah wa mwisho wa Iran, na kabla yake la malkia wa Afghanistan, mke wa Amanullah. Waturuki husema Süreyya. Wahindi na Wapakistani husema Suraiya. Wote wameiacha *tha*, na huko kwao halimkeri mtu. Hapa kwetu suria yuko karibu mno.

Maandishi yalitusumbua kama Bibi alivyotabiri. Kadi ya kliniki iliandikwa Sulia. Ofisi moja, ambayo siitaji, iliandika Julia, yule karani akaniambia kwa upole kwamba amenisahihishia. Cheti kilichotoka mwisho kina Thuria, kwa sababu mume wangu alisimama dirishani mpaka akaiona *h* ikiandikwa.

Unyagoni alipewa jina lake la utu uzima, kama desturi, na mara hii Newala ndiyo waliotoa. Hilo si la kuandikwa.

Mwenyewe sasa ni mtu mzima, anafanya kazi Mtwara mjini. Simu za setilaiti za Thuraya zilipoanza kuonekana, akawa anaulizwa kama ni ndugu. Akijitaja kwa mtu mgeni huwa na msaada wake tayari. Juzi nilimsikia akiagiza mzigo kwa simu: "Thuria. Te, hechi. Kama thamani."

"Sawa dada," akajibiwa. "Nimeandika Samani."