Kamera tatu kwenye chumba cha hakimu

Kwa anayetaka kutengeneza filamu ya wagonjwa wa akili bila kuwadhalilisha, swali la kwanza ni kamera inakaa wapi. Raymond Depardon, Mfaransa aliyezoea kubeba kamera mwenyewe, alipoingia Le Vinatier, hospitali ya magonjwa ya akili nje kidogo ya Lyon, kurekodi wagonjwa wakisikilizwa na hakimu, alitumia tatu: moja kwa mgonjwa, moja kwa hakimu, moja kwa chumba kizima. Filamu ilitoka 2017.

Kwa sheria ya Ufaransa ya 2013, aliyelazwa bila ridhaa yake lazima afikishwe kwa hakimu kabla siku 12 hazijaisha. Anakuja na wakili. Hakimu hapimi ugonjwa wala hapangi dawa. Anakagua utaratibu, kisha anaamua mtu abaki au atoke.

Kamera moja ingekuwa ya kumkimbiza msemaji. Hakimu akisema "unabaki", unachokihitaji ni uso wa anayeambiwa, na ukigeuza lenzi muda huo umeshachelewa. Tena mpigapicha anayehangaika huku na huko humtisha mtu ambaye tayari anahisi anachunguzwa.

Mtego mkubwa zaidi uko kwenye uhariri. Dawa nyingi za wodini hukausha mdomo, hupunguza kasi ya kusema, hutetemesha mikono. Ukikata vimya vyote ili mazungumzo yakimbie, umetuletea mtu mwingine. Ukiuvuta karibu mkono unaotetemeka ukajaa kioo, mtazamaji atasema "ugonjwa huo", kumbe ni dawa. Picha pana, kimya kikiachwa kama kilivyo, husema kweli zaidi.

Halafu ridhaa. Mwaka 1966 mtengeneza filamu Mmarekani Frederick Wiseman alirekodi ndani ya hospitali ya wafungwa wenye ugonjwa wa akili ya Bridgewater, jimbo la Massachusetts, kwa ruhusa ya wakuu wa pale. Jimbo likamgeuka, likaenda mahakamani kwa hoja ya faragha ya wagonjwa. Filamu ikazuiwa, baadaye ikaruhusiwa kwa wataalamu na wanafunzi wa fani hizo tu, na umma ukaruhusiwa kuiona 1991. Faragha ilikuwa hoja halali. Ila jimbo nalo lilikuwa na la kuficha: ndani ya filamu daktari anamlisha mgonjwa kwa mrija wa puani, sigara mdomoni, majivu yananing'inia juu ya faneli ya kumiminia chakula.

Kwa hiyo ruhusa ya mganga mkuu ikupitishe getini tu. Mgonjwa aulizwe mwenyewe, na asiulizwe na muuguzi anayemgawia dawa, maana hapo kukataa ni kugumu. Fomu aliyosaini akiwa amechangamka kupita kiasi haina uzito; mrudie akitulia, mweleze upya, hata kama jibu la kwanza lilikuwa ndiyo. Kubadilisha jina hakusaidii uso ukionekana, majirani watamjua. Mwonyeshe kipande chake kabla ya nakala ya mwisho, umpe na tarehe ambayo hadi hapo anaweza kujitoa bila kueleza sababu. Bajeti ya uhariri ipangwe ukijua kwamba wengine watajitoa kweli.